Kuta za Athene: Sparta haikuzivunja, ilikabidhiwa

Mwalimu wa historia wa shule ya sekondari mkoani Iringa ameniandikia: "Katika klabu yetu ya historia nilieleza kwamba Athene ya kale ilikuwa na kuta imara, mpaka nyingine zikateremka hadi bandarini. Mwanafunzi mmoja akauliza: kama zilikuwa imara kiasi hicho, ilikuwaje Wasparta wakazibomoa? Nikakosa jibu. Je, kuta hizo zilishindwa kazi? Zilijengwaje? Na leo kuna chochote cha kuonekana?"

Mwalimu, huyo mwanafunzi kagusa penyewe. Mwambie kwanza kwamba katika vita vyote vile kati ya Athene na Sparta, kuanzia 431 hadi 404 KK, hakuna jeshi lililowahi kutoboa ukuta wa Athene wala kuupanda kwa ngazi. Lysander wa Sparta aliingia bandarini kwa mkataba, baada ya wenye mji kusalimu amri kwa njaa, na kubomolewa kwa kuta kulikuwa sharti mojawapo la amani. Kwa hiyo mimi sikubali kwamba kuta zilishindwa. Zilifanya kazi yake mpaka siku ya mwisho. Kilichoanguka ni kile zilichokitegemea, nacho kilikuwa baharini, mbali kabisa na mji. Lakini hilo halieleweki mpaka tuone zilivyojengwa na kwa nini.

Mwaka 480 KK Waajemi waliiteka Athene na kuichoma moto, na mwaka uliofuata wakairudia. Waathene walipotoka walikokimbilia walikuta nyumba nyingi zimeanguka, na ukuta wa zamani umebaki vipande vichache tu. Kabla hawajaanza kujenga, wajumbe wakafika kutoka Sparta na ombi la ajabu: msijenge ukuta. Tena tusaidieni kubomoa kuta za miji mingine iliyo nje ya Peloponnese, rasi ya kusini iliko Sparta. Hoja yao ilikuwa kwamba Waajemi wakirudi wasikute mji wenye boma wa kuufanya kituo chao, kama walivyoufanya mji wa Thebes. Thucydides, mwandishi wa historia aliyekuwa Mwathene na jenerali katika vile vita vya Athene na Sparta, anasema waliosukuma jambo hilo hasa ni washirika wa Sparta, waliotiwa hofu na wingi wa merikebu mpya za Athene.

Themistocles, ndiye aliyewashawishi Waathene kuunda merikebu hizo, akawaambia wenzake: wajibuni kwamba tutatuma wajumbe kulizungumza, kisha nitumeni mimi leo leo. Wajumbe wenzangu msiwaruhusu kuondoka mpaka ukuta ufikie kimo cha kuweza kupigania. Na kila mtu ajenge, wanaume, wanawake na watoto. Jengo lolote la mtu binafsi au la umma lenye mawe yanayofaa livunjwe.

Alipofika Sparta hakwenda barazani. Akiulizwa, anasema anawangoja wenzake, sijui kimewachelewesha nini, watafika tu. Siku zikapita. Wasafiri wakaanza kuleta habari kwamba ukuta unapanda. Themistocles akawaambia Wasparta wasisikilize uvumi. Watume watu wao waaminifu wakajionee. Wakatuma. Wakati huohuo akawapelekea Waathene ujumbe wa siri: hao wanaokuja msiwaachie, washikeni kwa upole mpaka sisi turudi salama. Wenzake, Aristides na Habronichus, walipofika na habari kwamba ukuta umefikia kimo, ndipo akasimama mbele ya Wasparta na kusema wazi kwamba Athene sasa ina boma la kuwalinda watu wake, na kuanzia leo mkitutumia ujumbe, ongeeni nasi kama watu wanaojua kilicho na faida kwao. Wasparta wakameza hasira. Kitu gani kingine wangefanya? Wajumbe wao walikuwa mikononi mwa Waathene.

Ningekuwa darasani ningekaa na kisa hiki kuliko vita vyenyewe, kwa sababu tunaweza kukithibitisha kwa koleo. Thucydides anaandika kwamba katika siku zake mtu aliweza kuona haraka ile kwenye msingi: mawe ya kila aina, mengine hayakuchongwa yakaelewana, bali yaliwekwa kama yalivyoletwa, na ndani yake nguzo nyingi za makaburi. Wanaakiolojia walipochimba mtaa wa Kerameikos, palipokuwa na makaburi na malango makuu, walikuta ndivyo ilivyo. Mwaka 1922 palitolewa ndani ya ukuta kitako cha marumaru cha sanamu ya kaburini, kilichochongwa mnamo 510 KK. Upande mmoja vijana wanacheza mpira, upande mwingine wanapigana mieleka, na upande wa tatu wamekaa wakiwapambanisha mbwa na paka. Sasa kiko katika Makumbusho ya Taifa ya Akiolojia mjini Athene. Yaani kazi ya mchongaji hodari, iliyolipiwa fedha nzuri kumkumbuka marehemu, ilidumu miaka kama 30 tu kaburini, kisha ikatiwa ukutani kama kifusi. Ukitaka kujua watu waliokuwa na hofu hujengaje, ushahidi ndio huo.

Ukuta huo wa mji ulikuwa na mzunguko wa kilomita kama sita na nusu. Wengi hudhani ulikuwa wa mawe kutoka chini hadi juu. Sivyo. Mawe yalikuwa ya sehemu ya chini tu, na juu yake palijengwa kwa matofali mabichi, udongo uliokaushwa juani bila kuchomwa. Unene ulikuwa mita mbili na nusu au zaidi, na uso wake ulipakwa lipu ili mvua isiule. Wanafunzi wako watauelewa upesi kuliko wanafunzi wa Ulaya, maana nyumba ya matofali mabichi wanaijua: msingi wa mawe uinue tofali lisinywe maji ya ardhini, na juu pawe na kitu cha kuzuia mvua. Juu ya ukuta kulikuwa na njia ya walinzi, na katika karne ya nne KK sehemu za njia hiyo ziliezekwa vigae. Maandishi ya mkataba wa ukarabati wa mwaka 307 KK yaliyochongwa kwenye jiwe yamebaki, yakieleza kazi hiyo kwa undani ambao ungempendeza mhandisi yeyote wa halmashauri.

Tofali bichi halikuwa umaskini. Jiwe gumu likipigwa na gogo la kubomolea huweza kupasuka na kuachia jirani yake, ila tofali hudidimia kidogo na kuumeza mshindo. Pausanias, aliyeizunguka Ugiriki karne ya pili BK, anasema wazi kwamba dhidi ya mitambo ya vita matofali ni salama zaidi ya mawe. Adui wake ni maji. Mwaka 385 KK mfalme Agesipolis wa Sparta aliuzingira mji wa Mantinea uliokuwa na mto ukipita katikati. Akaziba mto pale unapotoka mjini. Maji yakapanda juu ya msingi wa mawe, matofali ya chini yakalowa, ya juu yakaanza kuachia. Watu wa Mantinea wakahangaika kuuegemeza ukuta kwa magogo, wapi! Wakasalimu amri. Wasparta hao walioshindwa kupanda kuta za watu waliushinda ukuta mmoja kwa kuuogesha.

Bandari ya Piraeus ilipata kitu bora zaidi. Huko Themistocles hakuwa na haraka. Thucydides anasema upana ulitosha mikokoteni miwili ya mawe kupishana, na ndani hapakujazwa kifusi wala udongo, bali mawe makubwa yaliyochongwa mraba, ya upande wa nje yakiunganishwa kwa vibanio vya chuma na risasi. Themistocles alitaka kimo ambacho wazee na wasiojiweza wachache wangetosha kukilinda, ili wanaume wote wenye nguvu wawe merikebuni. Ukuta uliishia nusu ya kimo alichokusudia. Hata hivyo wazo lenyewe lilishawekwa: ukuta upo ili watu waende baharini.

Ila bandari na mji vilikuwa mbali, kilomita sita na ushei. Adui akikaa katikati, mji unakuwa kisima kisicho na kamba. Ndipo katika miaka kati ya 461 na 456 hivi, Waathene walipojenga kile kilichokuja kuitwa Kuta Ndefu: mmoja kwenda Piraeus, mwingine kwenda ufuko wa Phaleron. Eneo la chini lilikuwa tope, na Plutarch, mwandishi wa enzi za Warumi, anasema Cimon, jenerali wa Athene, alilipia kutoka mfukoni mwake msingi wa mwanzo, wakamwaga kifusi na mawe mazito mpaka tope likashika. Mwaka 445 hivi ukaongezwa wa tatu, ulioenda sambamba na ule wa Piraeus kwa umbali wa mita kama 180, ukafanya njia ndefu iliyofungwa pande zote mbili. Pericles, kiongozi wa Athene, ndiye aliyeupendekeza, na mwanafalsafa Plato anamfanya Socrates aseme kwamba alimsikia mwenyewe akiutetea mkutanoni. Mjenzi alikuwa Callicrates, jina ambalo pia liko katika ujenzi wa hekalu la Parthenon. Kazi ilijikokota hadi mchekeshaji wa jukwaani, Cratinus, akadhihaki kwamba Pericles anaujenga kwa maneno siku nyingi, kwa vitendo hausogei.

Mwalimu, hapa kuna jambo ambalo vitabu vingi hulipita mbio. Kuta Ndefu hazikupendwa na Waathene wote. Thucydides anaeleza kwamba zilipokuwa zinajengwa, kikundi cha raia kilifanya siri na jeshi la Sparta lililokuwa karibu, kikitumaini kwamba litakomesha ujenzi na kukomesha demokrasia kwa mpigo mmoja. Kwa nini vitu viwili hivyo viende pamoja? Tazama nani alikuwa anapiga makasia. Askari wa nchi kavu alijinunulia ngao na dirii, kwa hiyo alikuwa mtu mwenye shamba na uwezo. Mpiga makasia hakuhitaji kitu zaidi ya mikono yake. Mji uliofungwa na bandari ni mji unaomtegemea mtu wa makasia, na mtu anayetegemewa huwa na sauti mkutanoni. Mwenye shamba, kwa upande wake, aliona kwamba siku ya vita kuta hizi zitalinda kila kitu isipokuwa shamba lake. Hakukosea.

Vita vilipoanza 431, Pericles aliwaambia raia kitu ambacho kilihitaji moyo kukisema na moyo kukikubali: Wasparta wakija, msitoke kupigana nao. Waacheni wakate mizabibu. Njooni ndani, chungeni mji na bahari. Tungekuwa kisiwa, alisema, nani angetuweza? Basi jihesabuni kuwa watu wa kisiwa. Kuta Ndefu ndizo zilizofanya kauli hiyo iwezekane, na hesabu yake haikuwa ya kubahatisha. Sehemu za kuta zilizohitaji ulinzi, kwa vipimo alivyoviacha Thucydides, zilikuwa stadia 148, yaani zaidi ya kilomita 26. Kwa ajili ya kuta na ngome nyingine walikuwapo watu 16,000, wengi wao wazee, vijana wadogo na wageni wakaazi, mbali na jeshi la uwanjani la watu 13,000.

Utauliza, kwa nini Wasparta wasivamie tu? Kwa sababu kazi hiyo hawakuijua. Jeshi lililoogopwa kuliko yote uwandani lilikuwa butu mbele ya ukuta, na Wagiriki wote walilijua hilo. Miaka ya 460 Wasparta wenyewe waliwahi kuwaita Waathene wawasaidie kuwang'oa waasi waliojichimbia mlima Ithome, kwa kuwa Waathene walisifika kwa kazi hiyo. Tena zana za wakati huo zilikuwa duni: ngazi, gogo, moto, kilima cha udongo, na msaliti wa kufungua lango. Ukitaka kuona ugumu wake, soma juu ya Plataea, mji mdogo mshirika wa Athene uliozingirwa 429 hadi 427. Wasparta na wenzao waliinua kilima cha udongo kwa siku 70 ili waufikie juu ukuta. Wenyeji wakauongeza ukuta kimo kwa mbao na matofali, wakatoboa chini na kuuiba udongo wa kilima usiku na mchana, wakajenga ukuta wa pili wa mviringo kwa ndani iwapo wa kwanza utaanguka, na magogo ya kubomolea yakija, wanayaangushia boriti zilizofungwa minyororo zivunje vichwa vyake. Washambuliaji wakachoka, wakauzungushia mji ukuta wao wenyewe na kungoja njaa. Usiku mmoja wa mvua na baridi, Waplataea 212 waliupanda ukuta huo wa adui wakatoroka. Urefu wa ngazi waliupataje? Walihesabu safu za matofali mahali palipokosewa kupakwa lipu, watu wengi wakihesabu kwa wakati mmoja, kwa hoja kwamba baadhi watakosea lakini walio wengi watapatia. Hilo wape darasa la hisabati.

Turudi Athene. Watu wa mashamba wakaja na wake zao, watoto na vyombo. Wengine waling'oa hata mbao za nyumba wakaja nazo. Kondoo na ng'ombe wakapelekwa kisiwa cha Euboea. Wachache walikuwa na ndugu wa kuwapokea. Waliobaki walijisitiri katika viwanja, mahekaluni, ndani ya minara ya ukuta, na baadaye wakagawiwa nafasi katikati ya Kuta Ndefu na Piraeus. Fikiria kiangazi cha Attica, yaani eneo la Athene, vibanda visivyo na hewa, maji ya taabu, na njia ile yenye upana wa mita 180 imejaa watu. Mwaka 430 maradhi yakaingia, kupitia Piraeus. Thucydides aliugua mwenyewe akapona, na maelezo yake ya dalili ni ya kutisha kwa utulivu wake. Alihesabu askari wenye silaha nzito 4,400 na wapanda farasi 300 waliokufa. Umma wa kawaida anasema hauna hesabu. Pericles naye akafa 429. Katika miaka ya 1994 na 1995, wakati wa kuchimba njia ya treni ya chini ya ardhi karibu na Kerameikos, lilipatikana kaburi la pamoja la watu wapatao 150, waliotupwa kwa haraka, ambalo wataalamu wanalihusisha na maradhi hayo.

Kama kuna lawama ya kuzibebesha kuta, ni hiyo. Zilimzuia Msparta, zikamkusanyia ugonjwa kazi yake. Lakini hata baada ya hapo Athene ilipigana miaka mingine 25, jambo ambalo haliwezekani kwa mji ulioshindwa na boma lake.

Mwaka 413 Wasparta wakabadilisha mbinu. Badala ya kuja msimu wa mavuno na kuondoka, waliteka na kuimarisha Decelea, kaskazini mwa mji, wakakaa humo mwaka mzima. Watumwa zaidi ya 20,000 wakawatoroka Waathene, wengi wao mafundi. Chakula kilichokuwa kikija kutoka Euboea kwa njia fupi ya nchi kavu kikalazimika kuzunguka kwa bahari kwa gharama kubwa. Walinzi walishika zamu ukutani mchana, na usiku karibu raia wote wa kiume isipokuwa wapanda farasi, kiangazi na masika. Thucydides anasema Athene iliacha kuwa mji ikawa ngome.

Na bado haikuanguka. Xenophon, mwandishi mwingine wa Athene, anasimulia kwamba mfalme Agis wa Sparta, akiwa Decelea, alizitazama merikebu nyingi za nafaka zikiteremka kuingia Piraeus. Akasema ni kazi bure kwa watu wake kuwazuia Waathene wasifike mashambani, ikiwa hakuna atakayezuia huko nafaka ya baharini inakotoka. Mwalimu, ukihitaji sentensi moja ya kumjibu mwanafunzi wako, mpe hiyo ya Agis. Adui ndiye aliyeisoma ramani ya Athene vizuri kuliko wote: mlango wa mji huu haukuwa Attica. Ulikuwa kwenye mlango-bahari wa Hellespont, siku kadhaa za safari kutoka hapo, kule nafaka ya Bahari Nyeusi inakopita.

Huko ndiko vita vilikoishia. Mwaka 405, mahali paitwapo Aegospotami, Lysander alizinasa merikebu za Athene ufukweni, karibu zote, mabaharia wakiwa wametawanyika kutafuta chakula. Merikebu iitwayo Paralus ikaleta habari Piraeus usiku. Xenophon anasema kilio kilipanda kutoka Piraeus kupitia katikati ya Kuta Ndefu hadi mjini, mtu akimwambia mwenzake, na usiku ule hakuna aliyelala. Ile njia iliyojengwa kupitisha nafaka ndiyo iliyoipitisha habari kwamba nafaka haiji tena.

Kesho yake waliamua kuziba bandari zote isipokuwa moja, kukarabati kuta na kuweka walinzi. Lysander hakuwa na haraka. Alipokuwa njiani, kila Mwathene aliyemkuta katika miji aliyoiteka alimpa ruhusa ya kupita kwa sharti kwamba aende Athene tu, kwa kuwa kadiri watakavyojaa ndivyo chakula kitakavyoisha upesi. Kisha akafunga bandari kwa merikebu 150, huku Agis na mfalme mwenziwe Pausanias (si yule mwandishi) wakiwa nchi kavu. Wasparta walidai kwanza stadia kumi tu za kila Ukuta Mrefu zibomolewe. Mtu mmoja, Archestratus, akasema barazani kwamba tukubali, akatupwa gerezani, na ikapitishwa amri kwamba hoja hiyo isijadiliwe. Watu walikuwa wanakufa kwa njaa na bado hawakutaka kusikia habari ya kubomoa kuta, maana walijua kwamba pengo la kilomita mbili katika ukuta unaofika baharini ni sawa na kutokuwa nao.

Masika ya 404 hawakuweza tena. Korintho na Thebes, washirika wa Sparta, walitaka Athene ifutwe kabisa. Sparta ikakataa, ikatosheka na Kuta Ndefu, kuta za Piraeus, merikebu zote isipokuwa 12, na kurudishwa kwa waliofukuzwa. Ubomoaji ulianza kwa sauti za wasichana wapiga zumari, na waliokuwapo wakidhani, anasema Xenophon, kwamba siku hiyo ndiyo mwanzo wa uhuru wa Ugiriki. Angalia kilichoachwa: ukuta wa mji wenyewe haumo katika orodha. Sparta ilikata kamba, kisima ikakiacha.

Uhuru ule haukufika mbali. Miaka kumi haijatimia, washirika wa Sparta wakawa maadui zake, na Waathene wakaanza kuinua kuta za Piraeus upya. Hesabu za malipo ya jozi za maksai waliovuta mawe mwaka 394 zimebaki zimechongwa. Conon, Mwathene aliyeiongoza manowari ya mfalme wa Uajemi na kuishinda Sparta huko Cnidus, akaja 393 na fedha za Kiajemi na mabaharia wake wakashika vyombo vya ujenzi. Kuta zilizojengwa kwa hofu ya Waajemi zikajengwa tena kwa fedha za Waajemi, na kati ya waliokuja kusaidia kazi kwa hiari walikuwapo watu wa Boeotia, eneo la Thebes ileile iliyotaka Athene isibaki. Siasa za Ugiriki ndivyo zilivyokuwa. Usiwatafutie wanafunzi rafiki wa kudumu humo.

Baada ya hapo mambo ya kiufundi yalibadilika haraka, nami nitayapita upesi. Mwaka 399 KK mafundi wa Dionysius, mtawala wa mji wa Syracuse huko Sicily, waliunda mtambo wa kurusha mishale, na vizazi viwili baadaye mitambo ya aina hiyo ikarusha mawe. Athene ikaongeza ukuta wa mbele na handaki, na minara ikajengwa ya kubeba mitambo. Plato alikuwa ametaka kuta ziachwe zilale ardhini kama Sparta, mji usio na boma, kwa sababu huwalegeza watu. Aristotle akamjibu bila kumtaja kwamba hayo ni mawazo ya kizamani, hasa kwa zana zilizopo sasa. Mimi niko upande wa Aristotle.

Waliouvunja ukuta wa Athene kweli walikuwa Warumi. Mwaka 87 KK jenerali wao Sulla aliuzingira mji uliojiunga na mfalme Mithridates, adui wa Roma. Alikata miti ya Academy na Lyceum, bustani za nje ya mji, kuundia mitambo, na mawe, mbao na udongo wa Kuta Ndefu, ambazo wakati huo zilishakuwa magofu, akazitumia kuinulia vilima vya kushambulia. Plutarch anasema wapelelezi waliwasikia wazee wakizungumza Kerameikos, wakimlaumu mtawala wao kwa kuacha sehemu moja ya ukuta bila ulinzi. Tarehe 1 Machi 86 KK, Warumi wakaingia kwa kubomoa kati ya Lango Takatifu na lango la Piraeus. Tena njaa ilikuwa imeshatangulia.

Kuhusu cha kuonekana leo, Kerameikos ndipo pa kuanzia. Utaona Lango Takatifu ambalo kijito cha Eridanos kilipitia, na kando yake Dipylon, lango maradufu lenye uwanja wa ndani wa kina cha mita kama 40: adui akivunja mlango wa nje anajikuta shimoni, kuta pande tatu na minara juu yake. Hapo pia safu za nyakati zinaonekana moja juu ya nyingine, mawe ya Themistocles chini, ya Conon juu yake, na ukarabati wa baadaye. Matofali yenyewe yameyeyuka zamani, kwa hiyo picha zote unazoziona mtandaoni ni za msingi tu, si za ukuta. Wanafunzi wakisema "mbona mfupi hivi," waambie hivyo. Za Kuta Ndefu vimebaki vipande vichache chini ya majengo, ila barabara ya Pireos kutoka Athene hadi bandarini inafuata takriban mstari wa ule wa kaskazini. Kipande kirefu zaidi cha kupendeza kiko Piraeus, pembezoni mwa bahari, kwenye barabara iitwayo Akti Themistokleous. Jina la barabara lisiwachanganye: ukuta ulioko pale ni wa Conon.